Filamu Aliyopewa Dorine

Osmund alikuja Jumamosi mchana, akanikuta uani napukuchua mahindi. Akanisalimia vizuri, "Dada Aurelia, habari za hapa," akauliza hali ya mwalimu, mume wangu, akakubali kikombe cha togwa. Kisha akatoa diski mfukoni, akampa binti yangu.

"Dorine, filamu yote ya Bakili imo humu. Kaa nayo, uikate."

Nilidhani anatania. Filamu zote za Osmund nimekata mimi. Ya wakulima wa tumbaku wa Namtumbo, mimi. Ya korosho za Tunduru, mimi. Kukata ndiyo kazi yangu: unaletewa picha ghafi za kutazamwa wiki nzima, unatupa karibu zote, unaunganisha zilizobaki mpaka mtu aliyekaa kwake aelewe na asibadilishe stesheni. Maofisini wanaita kuhariri. Nimeianza tangu enzi za kanda, nikiwa na diploma yangu mkononi na kiti changu kwenye kituo kimoja cha televisheni Dar, mpaka Polikarp alipohamishiwa Songea kufundisha nami nikamfuata na mimba ya Dorine.

"Na mimi?" nikamuuliza Osmund.

"Wewe pumzika kidogo, dada. Safari hii nataka macho mapya."

Macho mapya! Nikaendelea kupukuchua. Dorine akanitazama, diski kaishika kama yai.

"Mama, kama hutaki nitamrudishia."

"Nani amesema sitaki? Hiyo ni kazi. Ukipewa kazi unafanya."

Nilisema hivyo na nilitaka iwe kweli. Lakini gunzi nililokuwa nalo mkononi lilikuwa limeshabaki tupu na bado nalikwangua kwa kidole gumba.

Nitaeleza filamu yenyewe, maana bila hiyo utaniona mama mbaya bure. Bakili ni fundi cherehani wa Mfaranyaki, Myao wa Tunduru, lakini amekaa mji huu kuliko Wangoni wengi. Babu zake na babu zetu Wangoni walipigana, na vita vilipokwisha ukabaki utani. Mtani akifika msibani ana haki ambayo hata padri hana. Huvaa nguo za marehemu, huigiza mwendo wake, humsema kasoro zake zote, huzuia jeneza mpaka apewe kitu, na hakuna anayeruhusiwa kukasirika. Kazi yake ni kuwachekesha wafiwa. Wakicheka amefaulu, wasipocheka ameshindwa, na atatembea na aibu hiyo mpaka msiba mwingine. Osmund alikuwa amemfuata Bakili na kamera muda mrefu, msiba kwa msiba.

Msiba mkubwa kuliko yote katika filamu ulikuwa wa Mzee Rupert, wa hapa hapa kwetu Mshangano. Nilikuwepo. Nilikata vitunguu.

Siku za mwanzo nilijitahidi kutoingia chumba cha kazi. Ni chumba cha uani, tulikijenga kwa ajili ya mashine zangu. Kompyuta yangu, spika zangu, kiti changu ambacho kimekaa mkao wa makalio yangu. Sasa Dorine alikuwa amekipandisha juu, kwa sababu yeye ni mfupi. Kila nikipita na ndoo nasikia sauti ya Bakili ikisema neno moja, inarudi nyuma, inalisema tena. Najua maana yake. Mtu anatafuta mahali pa kukata. Na mimi, nikiwa na ndoo kichwani, nakata pamoja naye. Hapo. Hapana, umechelewa. Hapo!

Osmund naye akawa mgeni wa kila siku. Zamani akija nilikuwa nasikia, "Dada, unaonaje hapa?" Sasa anapita moja kwa moja, anavuta stuli, anakaa karibu na mwanangu, wanacheka. Nikiingia na chai wanaacha kucheka.

"Mnacheka nini?"

"Aa, Bakili tu, mama."

"Nikicheka na mimi, chai itapoa?"

Osmund akacheka peke yake. Nikaweka chai nikaondoka.

Ukweli ni kwamba sikukosa la kufanya. Nilikuwa na kipaimara cha kukata na harusi ya watu wa Ruhuwiko waliokuwa wananipigia simu kila asubuhi. Lakini harusi ni harusi. Bwana anaingia, bibi anaingia, keki inakatwa. Hakuna aliyewahi kuniuliza, baada ya kuona harusi, "Hivi hii imekatwa na nani?" Filamu ya Osmund inaonyeshwa Dar, na mwishoni jina langu linapanda juu taratibu. Polikarp hupiga makofi likipita. Nilikuwa nayahitaji hayo makofi. Nasema wazi.

Basi, kanuni ya nyumba hii ni kwamba picha ghafi hazikai kwenye diski moja. Umeme wa hapa unajua kuua mashine. Diski yoyote ikiingia, naitolea nakala nyingine siku ile ile, naifungia kabatini. Diski ya Osmund niliitolea nakala. Ni kanuni, ningefanya hivyo hata kama filamu ni ya adui yangu.

Siku Dorine alipokwenda mazoezi ya kwaya, nikatoa nakala kabatini. Nikajiambia naangalia tu kama imekaa sawa. Nikashusha kiti. Ndani ya dakika chache nilikuwa nakata.

Ikawa ndiyo desturi. Yeye kwaya, mimi kiti. Nikisikia geti, naandika jina la uongo kwenye faili, nafunga, napandisha kiti juu kama nilivyokikuta. Mtu mzima, mama wa familia, naiba kiti changu mwenyewe.

Mkato wangu ulikuwa safi. Msimulizi anaanza kwa kueleza utani ni nini, ulianza wapi, ili mtu wa Mwanza au Tanga asishtuke. Kisha msiba wa Mzee Rupert. Bakili anatoka ndani amevaa koti la kijivu la marehemu na kofia yake, anachechemea vile vile, anajikuna sikio vile vile, anamfokea mjane, Bibi Walburga: "Walburga! Chai gani hii, majani yanaelea kama bwawa la bata?" Mjane ameinama, machozi yanamtoka. Nikakata hapo. Jeneza, wimbo, shamba la mahindi, mwisho. Heshima tupu.

Siku moja Dorine alisahau kufunga kazi yake. Nikaketi nikaitazama.

Hakukuwa na msimulizi. Koti la kijivu linatoka mlangoni na huelewi kwa nini, unajikuta unataka kuelewa. Bakili anachechemea, anafoka kuhusu chai. Kisha uso wa Bibi Walburga, na Dorine hakukata. Uso unalia. Unalia. Halafu mdomo unaanza kugoma kulia, unapinda upande, Bibi anauziba kwa kanga, mabega yanaruka, na kanga inashindwa, kicheko kinamtoka, kile cha mtu aliyekaa na mwanamume miaka yote akimsikia analalamikia chai ile ile. Ameachama mdomo, anacheka, machozi bado yanatiririka. Hapo ndipo alipokata.

Nilikuwa nimeiona picha ile. Hiki ndicho kilichoniuma. Nilikuwa nimeiona kabla yake, nikaitupa. Nilisema moyoni, mjane hacheki mbele ya taifa, tumsitiri. Yeye mtoto wa juzi, niliyemfundisha kushika kipanya kabla hajajua kufunga viatu, akaiokota akaijengea filamu.

Sikuifuta. Mawazo hayo yalikuja, nikayaona, nikanyanyuka kitini. Lakini nililala nikiwa nimempa mgongo Polikarp, na aliponiuliza nina nini nikamwambia ni tumbo.

Kwa Osmund filamu haiondoki Songea kabla wahusika hawajaiona. Wakikataa kitu, kinatoka, hakuna mjadala. Kanuni hiyo nilimwekea mimi, miaka ile ya tumbaku. Kwa hiyo Jumapili baada ya misa ya pili tukakaa sebuleni kwangu, mapazia yamefungwa, televisheni kubwa imeunganishwa na kompyuta. Bibi Walburga alipewa kiti cha mwalimu. Bakili alikaa mkekani, mguu mmoja ameunyoosha. Polikarp mlangoni. Dorine alikuwa amevaa gauni lake la bluu, anatafuna kucha.

Nikasimama. "Osmund, kabla hujaanza. Iko mikato miwili."

"Miwili?"

"Miwili. Watu waone yote, wachague. Usiwaambie upi ni wa nani."

Dorine akaacha kucha. "Mama, mkato wa pili umetoka wapi?"

"Utauona."

Osmund aliniangalia kama mtu anayemwona mtu mwingine ndani yangu. Lakini anaogopa kugombana nami, tangu zamani, akasema sawa.

Wangu ukaanza. Nilikuwa siangalii skrini, naangalia watu. Ndivyo tunavyofanya; skrini unaijua, unataka kujua nani anajikuna. Hakuna aliyejikuna. Ulipoisha Polikarp akatikisa kichwa kukubali, "Imeeleweka. Hata wanafunzi wangu wangeelewa." Bibi Walburga akafurahi kabisa.

"Nimetulia kama Bikira Maria kwenye ile picha ya kanisani. Asanteni, wanangu. Mmenisitiri."

Nikasikia joto zuri kifuani. Nikamtazama Osmund. Alikuwa anakuna ndevu.

"Bakili, unasemaje?"

"Mimi nasubiri ya pili," Bakili akasema. "Sili sahani moja nikaondoka, nyumba ya Wangoni haina uhakika wa jioni."

Wa Dorine ukaanza. Hakuna aliyetikisa kichwa. Polikarp alisogea kutoka mlangoni mpaka katikati ya chumba bila kujua. Lile koti lilipotoka, Bibi Walburga akasema polepole, "Rupert." Kisha ukaja uso wake mwenyewe, mkubwa, ukijaza televisheni yote. Kulia, kupinda, kanga, kicheko. Osmund akawasha taa.

Kisha Bibi akasema:

"Hapo pa kucheka patoke."

"Patoke, Bibi?" Dorine akauliza.

"Patoke, mjukuu wangu. Wewe huwajui wakwe zangu. Dada zake Rupert wapo hai wote. Wataniona naachama mdomo mume wangu akiwa ndani ya sanduku. Watasema, mnaona, alikuwa anangoja. Nitajibu nini? Nyumba ile naishi peke yangu."

Osmund akapumua. "Basi. Neno la mwenye msiba ni neno. Tutatuma ule wa kwanza."

Nimeshinda. Kwa kanuni yangu mwenyewe, na bila kufungua mdomo. Sikuwa na la kufanya ila kunyamaza kimya, na ninajua kunyamaza nikitaka.

"Ngoja," Bakili akasema kutoka mkekani. "Ule wa kwanza mimi siutaki."

"Kwa nini tena?"

"Kwa nini? Msiba mzima natoka jasho ndani ya koti la marehemu, mjane analia tu, halafu mnaonyesha shamba la mahindi! Mtu akiona hapo atasema nini? Atasema Bakili alikwenda msibani akamtukana mjane, mjane akalia, basi. Mmenifanya mtani aliyeshindwa. Tunduru nzima watanicheka. Mimi sijawahi kushindwa, hata kwa Wangoni wagumu kama mihogo ya mwaka juzi."

Uso ukaniwaka moto, maana alikuwa sahihi. Mngoni mimi, nimemwandikia msimulizi maelezo marefu ya utani, halafu nimekata utani wenyewe nikaacha matusi. Kosa kama lile angelifanya mtu aliyelelewa kwa heshima za kanisani na kunawa mikono kabla ya kula. Yaani mimi.

"Na aliyekata huu wa kwanza ni nani?" Bakili akauliza.

Akazungusha macho chumbani, yakatua kwangu.

"Mama Dorine. Ni wewe."

"Umejuaje?"

"Bibi alipokataa ule wa pili, watu wote sura zilianguka. Wewe peke yako ulikuwa unatabasamu." Akapiga goti lake kofi. "Haya, Wangoni! Mnajulikana. Mngoni akipenda kitu anakiteka, akishindwa kukiteka anakioa. Leo mama amekwenda kumteka mwanawe mwenyewe! Una wivu, Mama Dorine. Una wivu na mtoto uliyemtoa tumboni!"

Angesema mtu mwingine ningemfungulia mlango atoke. Angesema Polikarp tungelala vyumba viwili. Lakini aliyesema ni mtani, na mtani akisema unacheka. Wote walikuwa wanacheka, Bibi kaziba mdomo kwa kanga vile vile. Ikanibidi nicheke. Nilicheka, na kila nilivyocheka ndivyo ilivyozidi kuwa kweli.

"Na wewe Myao," nikamjibu, maana mtani hajibiwi kwa kimya, "babu yako asingejua kukimbia usingezaliwa."

"Nashukuru miguu ya babu," akasema. "Lakini hujakana."

"Sikani."

Dorine hakucheka. "Mama. Ulikata lini?"

"Ukiwa kwaya."

"Ndiyo maana kila nikirudi kiti kimepanda kuliko nilivyokiacha."

"Nilikuwa nakirudisha."

"Ulikuwa unakirudisha juu mno, mama. Mimi siyo mfupi kiasi hicho."

Osmund akaingilia, maskini, anatafuta amani. "Jamani. Bakili hataki wa kwanza, Bibi hataki wa pili. Nafanyaje?"

"Mwenye msiba kwanza," Dorine akasema. Akavuta kompyuta kwenye mapaja yake. "Bibi, usiwe na wasiwasi. Naitoa sasa hivi, uone kwa macho yako." Sauti yake ilikuwa nzuri kabisa, ya adabu. Nilimfundisha hivyo. Mhusika akikataa usibembeleze, toa. Kidole chake kikaenda kwenye kitufe.

Kwa wiki zote nilikuwa nataka picha ile isiwepo. Sasa ilikuwa inakwenda, na mwili wangu ukakataa. Wivu wangu ulikuwa umejengwa juu ya picha ile. Ilikuwa nzuri, ndiyo sababu siku zote zile nilikuwa sili vizuri. Ikifutwa nitakuwa nimekonda kwa ajili ya nini?

"Acha," nikasema.

Kidole kikabaki hewani.

"Mama Dorine?" Bibi akaniuliza. "Si ndiyo nimetaka itoke?"

"Shikamoo tena, Bibi, na unisamehe. Ule wa kwanza uliousifia ni wangu, na ni wa ovyo. Huu wa pili ni mzuri. Siupendi, lakini ni mzuri."

"Uzuri wake ndio utakaonichoma, mwanangu. Nyie mmenikata nikiwa nimeachama. Mngeonyesha na nilivyomfunga kifungo, hapo wakwe wasingekuwa na neno."

"Kifungo gani?" Dorine akauliza.

Mimi nilijua. Nilikuwa nimekiona na kukitupa, na yeye bila shaka alikiona akakitupa, kwa sababu ndivyo nilivyomfundisha.

"Nilipomaliza kucheka," Bibi akasema, "huyu mpumbavu alikuwa ameacha koti wazi. Rupert hakuwa akiacha koti wazi. Nikamfuata nikamfunga kifungo cha juu. Nilikuwa namfunga kila Jumapili, vidole vyake vilishakufa ganzi."

Osmund akashika kichwa. "Ipo! Lakini watu walinisukuma pale, kamera ikayumba. Haikai."

"Ni kweli, Bibi," nikasema. "Picha yenyewe inatikisika. Televisheni wanarudisha picha za namna hiyo."

"Hata mimi nilikuwa natikisika," Bibi Walburga akasema.

Dorine akaanza kutafuta. Alikuwa anapekua haraka, anapita, anarudi, jasho limemtoka puani. Mikono yangu iliniwasha. Ningeweza kumnyanyua kitini. Nikaikalia mikono yangu, nikasema, "Kadi ya pili ya kamera. Baada ya mbwa kupita. Kuna mama ana beseni jekundu, mara baada yake."

Mbwa akapita. Beseni jekundu. Kisha uso wa Bibi, unacheka, na picha inaruka kama gari kwenye mashimo, bega la mtu linaziba, linaondoka, na Bibi ameshafika mbele ya lile koti. Vidole vinapapasa kola. Vinakikosa kifungo. Vinakipata. Bakili, ambaye hajui kunyamaza, amenyamaza, amesimama ameinua kidevu kama mume anayevalishwa. Bibi anapigapiga koti kifuani mara ya mwisho, kama mtu anayesema haya, nenda. Na kicheko kinarudi kuwa kilio, bila kukatwa popote.

Dorine akaunganisha. Tukatazama tena tangu mlangoni.

Polikarp alitoka nje akasema anaenda kuangalia kuku.

"Sasa hapo," Bibi akasema. "Wakwe waje na viti vyao."

"Mimi nimefaulu," Bakili akasema, lakini kwa sauti ndogo. "Mmeona? Nimefaulu."

Osmund alikuwa anafuta miwani. Alipomaliza akanigeukia na ile sauti yake ya kutafuta amani. "Dada Aurelia, bila wewe tusingekiona kile kipande. Mwishoni nikuandike mhariri msaidizi?"

"Msaidizi wa Dorine?"

"Au mshauri. Mshauri wa uhariri."

"Osmund, mimi nimekata mkato mmoja mbaya, na huu mwingine si wangu. Usiniandike popote. Andika Dorine Haule, na uliandike vizuri, lisipite haraka."

Nilidhani nikisema hivyo nitajisikia mwepesi. Watu huwa wanasema. Sikujisikia mwepesi. Niliona jina lile linapanda juu taratibu kwenye televisheni ya mtu Dar, na baba yake akipiga makofi, na nikataka kulishika mguu nilishushe.

"Bado faini," Bakili akasema.

"Faini gani?"

"Mtu akikamatwa na wivu mbele ya mtani, analipa. Mimi nataka kuku. Jogoo yule mwekundu aliyenitazama vibaya nilipoingia."

"Yule ni wa mbegu!"

"Na wivu wako ni wa mbegu pia. Tuuondoe kabla haujazaa."

Wakacheka tena. Nikaenda uani nikamkamata mwenyewe, na alinisumbua, jogoo yule, alinizungusha choo chote. Bakili akamchinja kwa bismillah yake ili naye ale, mimi nikamnyonyoa. Kuku alipokaribia kuiva, Dorine akanifuata jikoni, amejifunga kanga juu ya gauni la bluu, akaanza kusonga ugali bila kuambiwa.

"Mama, bado umekasirika?"

"Sijakasirika. Nina wivu. Ni vitu viwili."

"Utaisha?"

"Sijui. Sijawahi kuwa nao kabla hujajua kukata."

Akasonga ugali. Ana mkono mzuri wa ugali pia, huyu mtoto. "Harusi ya Ruhuwiko," akasema, "ukitaka nitakusaidia. Nimeona umeacha bwana harusi anapiga chafya."

"Umeiangalia saa ngapi?"

"Ukiwa sokoni."

Nikamwangalia. Hakuwa anatabasamu hata kidogo, alikuwa anakandamiza ugali ukingoni mwa sufuria kama hajasema kitu.

"Chafya ile inabaki," nikamwambia. "Ndipo mahali pekee anapoonekana mtu."

"Ndivyo nilivyoona na mimi."

"Haya, peleka ugali. Watu wana njaa."

Akabeba sinia akatoka. Nikasikia wanampokea sebuleni, Osmund anamwita msanii, Polikarp anasema kwa fahari kwamba yule ni binti yake, Bakili anadai kwamba kama ni binti wa Mngoni basi ameibiwa mahali. Nikapakua kuku. Paja nikamwekea Bibi Walburga, kidari Bakili, shingo Osmund. Firigisi nyumbani kwetu ni ya Polikarp, tangu siku ya ndoa, na mwaka huu alikuwa ameanza kumpa Dorine.

Niliila mwenyewe pale pale jikoni, nimesimama, moto moto, kisha nikafuta mdomo nikapeleka mboga.